Ukinyimwa Tenda, Zihesabu Siku Kabla ya Kuihesabu Dhuluma

Hakuna swali ambalo wakandarasi wadogo wa mwambao huu, tangu Takaungu na Tezo hadi Matsangoni, Gede na Malindi, hulirudia kuliko hili: niliomba kazi ya Serikali, bei yangu ikawa ya chini kuliko zote zilizosomwa siku ya kufungua sanduku, kisha kazi akapewa mwingine, je, nina pa kwenda? Jawabu ni kwamba una pa kwenda, na njia yenyewe imeandikwa katika sheria kwa bayana kuliko wengi wanavyodhani. Walakini ni njia fupi, ina mlango unaofungwa baada ya siku 14, na aghalabu ya waliodhulumiwa kweli huikosa haki yao si kwa upungufu wa hoja, bali kwa kuwa siku hizo walizitumia kumtafuta mheshimiwa wa wadi, kungoja ahadi ya afisa fulani, na kukisimulia kisa chao katika kila baraza la kahawa.

Maneno haya hayakuandikwa kwa ajili ya makampuni makubwa yenye mawakili wa kudumu. Ni ya mwenye kampuni ya watu wawili watatu, anayejenga darasa la chekechea, zahanati, choo cha shule au kisima, au anayemwaga changarawe katika njia itokayo lami kushuka baharini. Sheria itakayotajwa ni Sheria ya Ununuzi wa Umma na Uuzaji wa Mali ya mwaka 2015, iliyoanza kutumika Januari 2016, pamoja na kanuni zake za mwaka 2020. Na juu ya zote hizo ni kifungu cha 227 cha Katiba ya 2010, kinachoilazimisha Serikali kununua kwa insafu, usawa, uwazi, ushindani na unafuu wa gharama.

Jua kwanza fedha ni za nani

Tangazo la zabuni lina mistari ya juu ambayo watu huiruka ili wafike upesi penye masharti na tarehe, ilhali mistari hiyo ndiyo inayoamua ugomvi wako utasikilizwa na nani. Kazi za Kaunti ya Kilifi, za Hazina ya Maendeleo ya Eneo Bunge, za shule za Serikali, na za mashirika ya barabara na maji zinazolipwa kwa fedha za Kenya, zote zimo chini ya Sheria ya 2015. Lakini kazi inayogharimiwa kwa mkopo wa nchi za nje au wa benki za kimataifa, kama upanuzi wa barabara kuu ya Mombasa hadi Kilifi uliogharimiwa na Benki ya Maendeleo ya Afrika, huweza kufuata kanuni za mkopeshaji na kuwa na mlango wake wa malalamiko, kwa sababu kifungu cha 4 cha Sheria huziacha nje zabuni zinazotokana na mapatano ya aina hiyo.

Uzito wa jambo hili ulidhihirika katika shauri la reli ya Mombasa na Nairobi. Mwanaharakati Okiya Omtatah na wenziwe, pamoja na Chama cha Mawakili, walifika mahakamani mwaka 2014 wakidai kwamba kazi ile ilitolewa kwa kampuni ya China pasi na ushindani. Mahakama Kuu ikawakatalia. Mahakama ya Rufani, mwaka 2020, ikasema sheria ilivunjwa. Na Mahakama ya Juu, mwaka 2023, ikaona kwamba kazi hiyo, kwa kuwa ilifungamana na mapatano ya serikali mbili na mkopo wake, haikubanwa na sheria ya ununuzi ya wakati ule. Miaka tisa ya daawa, na treni ilikuwa imekwisha kubeba abiria tangu 2017!

Wenyeji wa Matsangoni wana sababu ya pekee ya kulitenga jambo jingine. Wakazi wa Uyombo, kijiji cha huko huko, walipoandamana mwaka 2024 kuupinga mpango wa kituo cha nyuklia, ugomvi wao ulikuwa juu ya mradi wenyewe, yaani ardhi, bahari na maisha yao. Ugomvi wa namna hiyo una mahakama zake za mazingira na ardhi. Bodi ya marejeo tutakayoieleza hapa chini haiulizi kama mradi ni mwema au mbaya. Huuliza tu kama aliyeitoa kazi amefuata sheria katika kumchagua atakayeitenda.

Lalamiko la kabla na lalamiko la baada

Hapa ndipo penye shimo kubwa, na tungeomba msomaji apasome mara mbili.

Kifungu cha 167 humpa mwombaji siku 14 za kupeleka ombi la marejeo mbele ya Bodi ya Marejeo ya Ununuzi wa Umma, ambayo wengi huitaja kwa herufi zake PPARB. Siku hizo huhesabiwa ama tangu ulipoarifiwa matokeo, ama tangu lilipotokea kosa unalolilalamikia, katika hatua yoyote ya zabuni. Tazama maneno hayo ya pili. Ikiwa kosa limo katika karatasi za zabuni zenyewe, mathalani sharti lililobuniwa ili kampuni moja tu ilitimize, au matakwa ya mitambo ambayo kazi ya darasa moja haiyahitaji hata chembe, basi kosa hilo limetokea siku ulipozichukua karatasi na kuzisoma, wala halikungoja siku ya matokeo. Mtu akiliona sharti la dhuluma, akalinyamazia, akajaza fomu kwa matumaini kwamba huenda akapita nalo, kisha akashindwa na ndipo akalia, ataambiwa kwamba muda wake ulikwisha zamani, na ataambiwa hivyo kwa haki.

Kwa hiyo siku ya kwanza ya kuzipata karatasi fanya haya:

- Andika tarehe na saa uliyozipata, na uweke risiti au barua pepe iliyokuja nazo. Mtu asiyechukua karatasi za zabuni kwa njia iliyoamriwa si mgombea machoni pa Sheria, na asiye mgombea wala mwombaji hana mlango wa kuingilia.
- Soma masharti ya lazima kabla ya kuitazama orodha ya kazi na bei, ile ambayo mafundi huiita BQ. Wengi hufanya kinyume, kwa kuwa fedha huvuta jicho.
- Sharti lisiloeleweka liulizie kwa maandishi, kwa njia iliyotajwa katika karatasi hizo, na uhifadhi jawabu. Ukijibiwa kwa simu, andika barua ya kusema, "kama tulivyozungumza leo."
- Ikiwa sharti ni la dhuluma na ofisi imekataa kulirekebisha, amua ndani ya siku 14 kama utakwenda kwenye Bodi. Hakuna wasaa mwingine wa kulilalamikia.

Siku ya kufungua

Kifungu cha 78 humruhusu kila aliyeleta zabuni kuhudhuria au kutuma mjumbe. Msimtume kijana wa kazi asiyejua anachokitafuta. Anayekwenda aandike jina la kila kampuni, bei iliyosomwa, idadi ya kurasa za kila zabuni, na kama dhamana ya zabuni ilikuwapo. Kisha aombe kwa maandishi nakala ya daftari la ufunguzi, kwani ni haki yake.

Bei iliyosomwa siku hiyo haibadilishwi: kifungu cha 82 huihesabu kuwa ya mwisho, na kanuni za 2020 hulihesabu kosa la hesabu katika bei kuwa kasoro kubwa inayoiangusha zabuni. Mkandarasi aliyekosea kujumlisha asitaraji kuonewa huruma. Lakini pia, ikiwa bei ya mshindi iliyomo katika barua ya matokeo si ile uliyoisikia kwa masikio yako na kuiandika, umepata burhani ambayo haihitaji wakili mkubwa kuieleza.

Barua imekuja

Kifungu cha 87 huiamuru ofisi kuwaarifu walioshindwa wakati ule ule inapomwarifu mshindi, ikimtaja mshindi huyo na sababu ya kila mmoja kuanguka. Barua isemayo tu kwamba "zabuni yako haikufaulu" si barua timamu. Na siku hizi barua huja kwa mtandao, na huweza kuangukia mahali pa taka za barua pepe zikakaa humo wiki nzima. Atakayeomba kazi ya Serikali na alifungue sanduku lake la barua pepe kila siku, hasa tangu mwaka 2025 Serikali ilipoanza kuzisukuma zabuni zote ziingie katika mfumo wa kielektroniki, hatua ambayo yenyewe ilizaa kesi mahakamani.

Namna ya kuzitumia siku zako 14:

1. Hesabu siku kwa hadhari. Barua ikiwa ya tarehe 3, siku ya kwanza ni tarehe 4 na ya mwisho ni tarehe 17. Usihesabu tangu ulipoisoma, hata ikiwa una haki ya kusema hukuipata mapema. Hesabu tangu tarehe iliyoandikwa juu yake, na hoja ya kuchelewa kwake uiweke akiba.
2. Siku hiyo hiyo au ya pili yake, andika kwa afisa mhasibu wa ofisi hiyo ukiomba sababu kamili na muhtasari wa tathmini. Kifungu cha 68 kinakupa muhtasari huo. Hakikupi karatasi za mpinzani wako, kwa kuwa kifungu cha 67 huzifunga kwa siri.
3. Siku ya tatu au ya nne, keti na nakala ya zabuni yako, na masharti ya tangazo kando yake, uitafute kasoro uliyoambiwa. Ikiwa kweli hukuweka cheti cha kodi, au kurasa hukuzitia namba mfululizo kama kifungu cha 74 kinavyotaka, shauri lako limekwisha kabla ya kuanza, na hapo nyamaza ukajirekebishe.
4. Kufikia siku ya saba, uwe umeonana na wakili au mtu aliyewahi kufika mbele ya Bodi hiyo. Wakili hodari wa mashamba si lazima ayajue mambo haya.
5. Ombi liingie na ada ilipwe kabla ya siku ya 12. Ada hupanda kwa kadiri ya thamani ya zabuni, basi ulizia mapema kwa katibu wa Bodi, usije ukalijua hilo jioni ya siku ya mwisho.

Jawabu la barua yako ya kuomba sababu lisipofika, usilingoje. Kungoja huku kumewaponza wengi, na hata wanaoikimbilia Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa ya mwaka 2016 hawaponi, kwa kuwa sheria hiyo humpa afisa siku 21 za kujibu, nawe una 14 tu.

Kuliandika ombi lenyewe

Ombi huandikwa katika fomu iliyowekwa na kanuni, likafuatana na maelezo na hati ya kiapo. Lakini kabla ya maneno, yapo majina. Kifungu cha 170 huwataja wanaopaswa kuwamo katika shauri: mwenye ombi, afisa mhasibu wa ofisi iliyonunua, na yule aliyearifiwa kwamba ameshinda. Si kusema "Kaunti ya Kilifi" na kuishia hapo. Mahakama ya Rufani ilipokaa Mombasa mwaka 2019, katika shauri lililotokana na zabuni ya Halmashauri ya Bandari, ilishikilia kwamba kumwacha afisa mhasibu nje ya ombi ni dosari inayoliangusha, kwa kuwa Sheria ya 2015 ilibadili kwa makusudi yale yaliyokuwamo katika sheria ya 2005 iliyoitangulia. Katika hukumu hiyo hiyo Mahakama ilikumbusha jambo la pili: mwenye kulalamika aeleze hasara aliyoipata au anayoikaribia kwa sababu ya kosa hilo. Wengi huandika kurasa kumi za dhuluma, wasiandike mstari mmoja wa hasara.

Hoja zenye nguvu ni zile zinazoshika sharti na kifungu:

- Zabuni ilipimwa kwa kigezo ambacho hakikuwamo katika karatasi, kinyume cha kifungu cha 80.
- Sharti la lazima liliachwa kwa mshindi nawe ukaangushwa kwalo. Sharti la lazima ni la wote.
- Sababu uliyopewa haipo katika zabuni yako: umeambiwa huna cheti, na cheti kipo ukurasa fulani, katika nakala iliyotiwa namba.
- Tathmini ilipita siku 30 zilizowekwa, au mkataba ulitiwa sahihi kabla ya siku 14 kutimia.
- Zabuni ilifutwa bila ya sababu zilizotajwa katika kifungu cha 63, au bila ya waombaji kuarifiwa.

Hoja dhaifu ni hizi: mshindi si mwenyeji, mshindi anajulikana kuwa jamaa ya mkubwa, kila mtu anajua kwamba kuna hongo. Huenda yote yakawa kweli. Lakini Bodi huamua katika siku 21, haina wasaa wa kupeleleza, na tuhuma isiyo na karatasi huidhoofisha hata ile hoja njema iliyosimama kando yake. Ya hongo yapelekwe kwa Tume ya Maadili na Kupambana na Ufisadi, ambayo ina ofisi Malindi. Ya udugu yawe hoja tu pale unapoweza kuonyesha kwa hati kwamba mwenye kampuni ni mtumishi wa umma aliyezuiwa na kifungu cha 59.

Onyo moja tunalitoa kwa sauti kubwa kuliko mengine. Ombi likipokewa, ofisi huamriwa kulipeleka jalada lote kwenye Bodi, na katika jalada hilo ni zabuni yako pia. Ikiwa barua ya benki uliyoitia ni ya kughushi, au ule mradi uliodai kuujenga hukuujenga, au cheti cha Mamlaka ya Kitaifa ya Ujenzi ni cha jamaa yako uliyemwazima jina, umewaita watu nyumbani ilhali mwizi amelala chumbani mwako. Adhabu ya hila za namna hiyo huweza kuwa kufungiwa zabuni zote za Serikali kwa muda usiopungua miaka mitatu.

Mashaka mnayoyaleta

*"Bei yangu ilikuwa ya chini, basi nilistahili."* Sivyo. Kifungu cha 86 humpa kazi mwenye bei ya chini miongoni mwa wale waliokwisha kuvuka masharti ya lazima na tathmini ya ufundi. Ukiangushwa katika hatua ya kwanza, bei yako hata haikutazamwa. Shambulia hatua ile uliyoangushiwa, wala usikae kuisifu bei.

*"Nairobi ni mbali na nauli ni ghali."* Hoja hii ilikuwa na uzito zamani. Tangu mwaka 2020 Bodi imezoea kusikiliza kwa mtandao, na mengi huamuliwa kwa maandishi tu. Ugumu umehama kutoka nauli kwenda upangaji wa karatasi, na hapo mtu wa Matsangoni na mtu wa Nairobi wako sawasawa, ikiwa mtandao haukupotea.

*"Nikilalamika sitapewa kazi tena."* Hatutasema kwamba hofu hii ni ya bure, kwa kuwa kaunti ni ndogo na watu wanajuana kwa majina ya baba zao. Tunalosema ni kwamba ombi lililoandikwa kwa adabu, likashika vifungu, lisimtukane mtu, huwaacha maafisa wenye akili wakikuheshimu na kuwa makini na jalada lako safari nyingine. Na lile la matusi hukuharibia jina hata ukishinda. Ukiona kwamba kazi yenyewe ni ndogo na kosa ni la kutilia shaka, iache. Kuacha nako ni shauri, na wakati mwingine ndilo shauri la mfanyabiashara.

*"Mkataba umekwisha kutiwa sahihi, basi nimechelewa."* Huenda, lakini uliza ulitiwa lini. Kifungu cha 135 hukataza kutia sahihi kabla ya siku 14 kupita tangu barua za matokeo. Mkataba uliotiwa kwa haraka siku ya tano haukutiwa kwa mujibu wa kifungu hicho, na hauifungii Bodi mlango. Mkataba uliotiwa siku ya 15, ilhali hukulalamika, unaufunga. Ndiyo maana ombi likiingia kwa wakati shughuli zote za zabuni husimama papo hapo chini ya kifungu cha 168, na changarawe haimwagwi.

*"Mheshimiwa ameniahidi kuongea nao."* Muulize kama ahadi yake inazisimamisha siku.

*"Sisi ni kikundi cha vijana, sheria hizi si zetu."* Ni zenu zaidi ya wengine. Sheria imetenga asilimia 30 ya ununuzi kwa vijana, wanawake na watu wenye ulemavu, na katika kaunti asilimia 20 kwa wakazi wa kaunti hiyo. Kazi iliyotengwa hivyo huombwa kwa cheti cha kikundi na fomu ya tamko mahali pa bondi ya benki. Kikundi kilichodaiwa bondi katika kazi ya namna hiyo kina hoja nzuri, ila ni hoja ya kabla, ya siku ulipozichukua karatasi.

Bodi ikikwisha kuamua

Bodi ina siku 21. Kifungu cha 173 huipa uwezo wa kulibatilisha lililotendwa, kuiamuru ofisi irudie tathmini, kuweka uamuzi wake mahali pa ule wa ofisi, kuamuru zabuni ianze upya, na kutoza gharama. Mara nyingi mwenye kushinda hurudishiwa tathmini tu, si kazi. Hurudi katika mizani na wenzake, na huweza kuanguka tena kwa sababu nyingine iliyo halali. Wanaodhani kwamba Bodi itawalipa faida waliyoikosa wajue mapema kwamba sivyo. Na aliyepeleka ombi la upuzi ili kuchelewesha kazi tu huweza kutozwa gharama.

Asiyeridhika ana siku 14 za kwenda Mahakama Kuu, ambayo kwa watu wa huku ipo Malindi na Mombasa. Mahakama hiyo haipimi zabuni upya. Hutazama kama Bodi ilikaa ndani ya sheria. Nayo ina siku 45 za kuamua. Kutoka hapo ni siku 7 za kukata rufaa kwenda Mahakama ya Rufani, ambayo nayo ina siku 45, na hukumu yake ndiyo ya mwisho. Hesabu hizi si mapambo. Mwaka 2021, katika shauri la zabuni ya washauri wa ujenzi dhidi ya Tume ya Utumishi wa Bunge, Mahakama ya Rufani ilisema kwamba hukumu ya Mahakama Kuu iliyotolewa baada ya siku 45 ni batili, kwa kuwa uwezo wa kuamua ulikuwa umekwisha pamoja na siku. Ikiwa hata jaji hufungwa na kalenda, sembuse mkandarasi. Basi wakili wako akikuambia kwamba kesi imeahirishwa kwa majuma matatu, muulize kwa heshima ni siku ya ngapi leo.

Na ikiwa wewe ndiye uliyeshinda

Hili watu hawaliulizi, nalo huwapata wengi. Umepewa barua ya ushindi, umekwisha kuagiza mawe timboni na kuwapa mafundi ahadi, mara ofisi inakwambia kazi imesimama kwa sababu mwenzako amekwenda kwenye Bodi. Usikae kando ukidhani ni ugomvi wa Kaunti na huyo mwenzako. Wewe ni mhusika kwa jina chini ya kifungu cha 170, una haki ya kujibu, na ofisi iliyokupa kazi si lazima iipiganie kwa bidii uliyonayo wewe. Afisa mhasibu ana siku tano tu za kujibu, na majibu yake huwa ya kujitetea yeye kwanza.

Fanya haya bila ya kukawia:

- Ombi likikufikia, andika jawabu lako mwenyewe, ukionyesha ukurasa kwa ukurasa mahali ulipotimiza kila sharti linalobishaniwa.
- Tazama kama mwenzako alifika kwa wakati na kama amewataja wote wanaopaswa kutajwa. Pingamizi hili hutangulia hoja nyingine zote.
- Usinunue saruji, nondo wala mbao kwa mkopo kabla ya siku 14 kupita na mkataba kutiwa sahihi. Barua ya ushindi si mkataba, na benki inayojua kazi yake haitakukopesha kwayo.
- Tazama muda wa uhai wa zabuni. Kifungu cha 88 huruhusu kuuongeza mara moja tu, kwa siku zisizozidi 30, na ugomvi ukiuburuta muda huo mpaka ukaisha, huenda wote wawili mkajikuta mnapigania zabuni iliyokwisha kufa. Kwa hiyo iandikie ofisi mapema, ukiwa na barua ya benki ya kurefusha dhamana yako mkononi.